Bangili, kipande au sarafu: dhahabu ipi ununue, na unalipia nini hasa

Mwaka jana nilimsindikiza dada yangu kwa sonara. Mwanawe alikuwa amepata nafasi chuoni, ada ilikuwa haijatimia, na ndani ya mkoba dada alikuwa na kitambaa kilichofungwa fundo chenye vitu viwili: bangili ya marehemu bibi yetu, na kidani alichonunuliwa na mumewe miaka sita iliyopita, chenye mawe meupe na ya buluu, kizuri kwelikweli. Njia nzima alikitegemea kidani. Kilikuwa kizito kuliko bangili, kilikuwa kipya, na bei iliyoandikwa kwenye risiti yake hakuwahi kulipiwa pambo lingine lolote.

Sonara, mzee wa miwani minene, hakuuliza bei wala habari za nyumbani. Alitoa jiwe jeusi lililolainika kama kipande cha sabuni, akaisugua bangili juu yake mpaka ikaacha mstari wa manjano. Kando ya mstari ule akasugua sindano yenye ncha ya dhahabu ambayo karati yake anaijua, akadondosha tindikali juu ya yote miwili, akainama kutazama. "Ishirini na mbili," akasema. Mizani ikaonyesha gramu 14.2. Kidani kikapitia jiwe lile lile, kikawa karati 18, na mizani ikasoma gramu 16.8. Dada akanitazama kwa furaha.

"Mawe niyatoe?" mzee akauliza. Dada akaitikia kwa kichwa. Akachukua koleo ndogo, akaanza kuyang'oa moja moja na kuyapanga kwenye kisahani. "Mimi nanunua dhahabu, dada. Haya utaondoka nayo." Kidani kiliporudi mizanini kilikuwa gramu 14.7.

Hesabu iliyofuata ndiyo iliyonifanya niandike haya. Karati 24 ni dhahabu tupu. Karati 22 maana yake sehemu 22 kati ya 24 ni dhahabu na zilizobaki ni fedha au shaba. Kwa hiyo bangili ya gramu 14.2 ilikuwa na dhahabu tupu gramu 13. Kidani cha karati 18, yaani robo tatu, kilikuwa na gramu 11. Kile kizito, kipya na cha gharama kilikuwa na dhahabu kidogo kuliko bangili iliyovaliwa miaka arobaini. Duka lililokiuza kidani sitalitaja, ila lilipima mawe pamoja na dhahabu na kuyatoza bei ya dhahabu, na hakuna aliyeuliza.

Ukiingia kwa sonara unanunua vitu viwili vilivyoungana. Kimoja ni uzito na usafi, ambavyo utavikuta siku utakayorudi kuuza. Cha pili ni ufundi, mawe, mtindo na jina la duka, na hicho kinabaki mlangoni. Vyote viwili vina haki ya kulipiwa. Shida ni kuvilipia bila kujua kipi ni kipi.

Kwa nini dhahabu, na siyo kitu adimu zaidi

Watu husema dhahabu ina thamani kwa sababu ni adimu. Ilinganishe na tanzanite. Tanzanite hupatikana sehemu moja tu duniani, vilima vya Mererani mkoani Manyara, na imejulikana tangu 1967. Dhahabu huchimbwa karibu kila bara, zaidi ya tani 3,000 kwa mwaka. Ingekuwa ni uadimu tu, tanzanite ingeiacha dhahabu mbali. Na kweli jiwe kubwa linaweza kumbadilishia mtu maisha: mwaka 2020 Saniniu Laizer aliiuzia Serikali ya Tanzania mawe mawili, la kilo 9.27 na la kilo 5.1, kwa shilingi bilioni 7.74.

Lakini jaribu kuligawa jiwe la tanzanite ili ulipe nusu ya deni. Ukilipasua umepasua na thamani yake. Kila jiwe lina rangi yake, ung'avu wake na mkato wake, kwa hiyo kila jiwe linahitaji mtaalamu wake na mabishano yake ya bei. Dhahabu haina ubishi huo. Gramu iliyosafishwa ya Geita na gramu iliyotoka bandari ya Sofala, Msumbiji, ikapita Kilwa miaka 700 iliyopita, ukiziyeyusha pamoja, hakuna wa kuzitenganisha. Inagawanyika, inaunganika, inageuka pete leo na kipuli kesho, na bado ni ile ile. Haishiki kutu. Ilikaa makaburini kwa maelfu ya miaka na ikatoka inang'aa. Wazee wetu waliposema akiba haiozi, nadhani dhahabu ndiyo iliyoyatimiza maneno hayo bila punguzo.

Halafu kuna mkono wenyewe. Mpe mtu ambaye hajawahi kushika dhahabu bangili ya karati 22, utamwona anashtuka: uzito unauzidi umbo. Sentimita moja ya ujazo ya dhahabu tupu ina gramu 19.3, ya chuma haifiki 8. Na rangi yake ni ya peke yake. Metali karibu zote ni nyeupe au kijivu. Ni dhahabu na shaba zinazowaka rangi ya jua, na shaba inachuja.

Hata hivyo sifa hizo peke yake hazitoshi. Kilwa ilinawiri kwa kusimamia biashara ya dhahabu iliyotoka nyanda za Zimbabwe kupitia Sofala, na msafiri Ibn Battuta alipofika mwaka 1331 aliusifu mji huo kwa uzuri. Lakini sarafu ambazo masultani wa Kilwa walizipiga kwa wingi, zile za kununulia sokoni, zilikuwa za shaba. Dhahabu ilikuwa na bei yake kamili kwa sababu upande wa pili wa bahari kulikuwa na watu walioitaka. Mpaka leo ni hivyo. Hadi tarehe 15 Agosti 1971, Marekani iliziahidi serikali nyingine kuzipa wakia moja ya dhahabu, gramu 31.1, kwa kila dola 35. Rais Nixon alipoifuta ahadi hiyo, hapakubaki serikali yoyote iliyoahidi bei. Kilichoibakisha thamani ni kwamba mamilioni ya watu wasiojuana, kuanzia bibi harusi wa Kerala, India, mpaka magavana wa benki kuu, wanaendelea kuipokea, na hakuna anayeweza kuichapisha. Dhahabu yote iliyowahi kuchimbwa, zaidi ya tani 200,000, ukiiyeyusha ingetosha mchemraba mmoja wa mita 22 hivi kila upande. Kila mwaka inaongezeka kwa asilimia moja au mbili, basi.

Sisi wanawake wa pwani tunayo sababu nyingine, na kwangu ndiyo kubwa. Nyumba huandikwa jina la mume, shamba lina jina la ukoo, lakini dhahabu ya mwanamke ni yake. Aliyopewa mahari ni yake, aliyonunua ni yake, na siku ya shida haihitaji sahihi ya mtu wala hati. Bibi yangu hakujua kusoma. Benki yake ilikuwa mkononi, inalia kidogo akikanda unga.

Ya kuvaa: karati 22, 21, 18 na zile za chini

Ndani ya pambo tafuta namba iliyogongwa. 916 ni karati 22, 875 ni 21, 750 ni 18, 585 ni 14, na 375 ni karati 9. Namba hizo ni sehemu za dhahabu katika kila elfu, kwa hiyo 375 maana yake zaidi ya nusu ya pete yako si dhahabu.

Karati 22 ndiyo ninayoipendelea kwa bangili na mikufu ya kawaida. Ina rangi nzito, inakubalika kwa sonara yeyote kuanzia Mombasa hadi Mumbai, na ufundi wake mara nyingi si wa bei kubwa. Kasoro yake ni ulaini. Bangili zinazogongana mkononi hulika polepole, na pete nyembamba ya karati 22 kwa mtu anayefua na kusugua masufuria itapinda. Karati 21 inapendwa na Waarabu, na ukienda soko la dhahabu la Deira kule Dubai au Matrah kule Muscat utaikuta kila dirisha. Kwa akiba tofauti yake na 22 ni ndogo mno. Chagua kwa kuangalia utakakouzia. Ukiuza kwa sonara mwenye asili ya Kihindi, 22 inaeleweka haraka zaidi.

Karati 18 ina sababu yake. Ni ngumu zaidi, kwa hiyo inashikilia jiwe vizuri na inafaa pete ya kila siku. Pete yangu ya ndoa ni ya karati 18 na sijutii. Nachokataa ni kuiita akiba kidani cha karati 18 kilichojaa mawe. Kinunue kama unavyonunua gauni la harusi, kwa sababu kinakupendeza, na bei yake uihesabu imeshatumika. Dhahabu nyeupe nayo mara nyingi ni karati 18 au 14 iliyochanganywa na metali nyeupe kisha kupakwa rodiamu. Mpako ule huchakaa baada ya muda na pete hurudi kwa fundi kupakwa upya. Mwenye ngozi inayowasha aulize kama ndani yake kuna nikeli.

Karati 9 imezoeleka Uingereza, na ndugu walioko huko huleta kama zawadi. Zawadi ipokee kwa mikono miwili. Kuinunua mwenyewe kwa nia ya kuweka akiba, hapana. Vilivyochovywa tu dhahabu havimo kabisa kwenye ulinganisho huu: kwa mizani ya sonara ni shaba.

Ya kuweka: vipande na sarafu

Kipande cha karati 24, kile kilichofungwa kwenye kadi ya plastiki chenye namba yake, kina ufundi mdogo kuliko vyote, kwa hiyo pesa yako karibu yote inakwenda kwenye dhahabu. Lakini angalia ukubwa. Kipande cha gramu moja kina gharama ya kutengeneza na kufunga karibu sawa na cha gramu kumi, ndiyo maana kila gramu yake inakuwa ghali zaidi. Afadhali ukusanye mpaka ufikie gramu tano au kumi. Watu wa Ghuba na Wahindi hununua pia kwa tola, na tola moja ni gramu 11.66. Kadi usiifungue kwa hamu ya kukishika. Ikifunguka, mnunuzi atakipima upya kama kitu asichokijua, na pengine atakata bei.

Sarafu ziko katikati. Krugerrand ya Afrika Kusini, iliyoanza mwaka 1967, ni ya karati 22 na ina uzito wa gramu 33.93, lakini dhahabu iliyomo ndani ni wakia moja kamili. Pauni ya dhahabu ya Uingereza ina gramu 7.98, na tupu ndani yake ni 7.32. Faida ya sarafu ni kwamba inatambulika kwa sura, vipimo vyake vinajulikana dunia nzima, na ile ndogo ya pauni inauzika bila kuvunja akiba nzima. Anayeishi Uingereza ana sababu ya ziada: akiuza pauni hizo kwa faida hadaiwi kodi ya faida ya mtaji, kwa kuwa ni fedha halali ya nchi ile. Aliye Tanga au Kisumu hana faida hiyo, na huenda asipate sarafu yenyewe dukani kwa bei ya haki. Kwake yeye, sonara wa mtaani anaijua bangili kuliko kipande cha kiwanda cha Uswisi. Kabla hujanunua kipande, muulize sonara wako kama atakinunua na atakikata kiasi gani kwa gramu. Jibu lake lina uzito kuliko tangazo lolote.

Kwa Waislamu kuna zaka. Katika madhehebu ya Shafi, ambayo wengi wa pwani yetu wanayafuata, pambo halali analolivaa mwanamke kwa kadiri ya desturi halitolewi zaka. Kwa Hanafi linatolewa. Kipande kilicho kabatini hakina tofauti hiyo: kikifika nisabu, inayokadiriwa gramu 85 za dhahabu safi, na mwaka wa Hijria ukapita, ni asilimia 2.5. Liweke kwenye hesabu zako tangu mwanzo.

Dhahabu ghafi, yaani ya machimboni, iache. Tanzania, kuinunua na kuiuza kunahitaji leseni, na tangu 2019 kuna masoko ya madini yaliyowekwa kwa kazi hiyo. Anayekupigia simu kukuuzia "vumbi la dhahabu" chini ya bei ya soko, iwe Nairobi au Kampala, jiulize kwa nini asilipeleke mwenyewe mahali linapolipwa bei kamili siku hiyo hiyo. Watu wazima wenye akili zao wamelizwa kwa chupa za vumbi la shaba.

Dhahabu na shilingi iliyo benki

Hapa sitaki kumdanganya mtu. Dhahabu haizai. Gramu kumi zitabaki gramu kumi, wakati amana ya benki inaleta riba na nyumba inaleta kodi. Na bei inaweza kukuchelewesha maisha. Aliyenunua Januari 1980, wakia ilipofika dola 850, aliiona ikishuka mpaka karibu dola 250 mwaka 1999, na hakuiona tena 850 mpaka 2008. Hiyo ni miaka 28. Aliyenunua 1999 akashikilia ameiona ikivuka dola 4,000 mwaka 2025. Ni metali moja. Kilichotofautiana ni siku ya kununua.

Kwetu kuna jambo jingine, kwamba bei ya dunia huwekwa kwa dola. Shilingi ikidhoofika, dhahabu uliyonayo inapanda kwa shilingi hata kama bei ya dunia haijabadilika. Ndiyo maana naiona kama kinga zaidi kuliko biashara. Benki Kuu ya Tanzania yenyewe imekuwa ikinunua dhahabu ya ndani kwa ajili ya akiba yake tangu 2023. Kwa mtu wa kawaida, ada ya muhula ujao isiwekwe kwenye dhahabu, iwekwe benki. Pesa ambayo hutaigusa miaka saba au kumi, sehemu yake iwe dhahabu, siyo yote.

Kupima kabla ya kuamini

Mizani ndogo ya kidijitali ya kupimia vito si ghali. Pima bangili ikiwa kavu. Kisha weka glasi ya maji juu ya mizani, irudishe kwenye sifuri, ning'iniza bangili kwa uzi mpaka izame bila kugusa chini wala pembeni. Namba utakayoiona ndiyo ujazo wake. Gawanya uzito mkavu kwa namba hiyo. Bangili ya bibi ilitoa 14.2 kwa 0.8, ambayo ni 17.75, na karati 22 inapaswa kuwa karibu na 17.8. Karati 18 ya manjano huwa kati ya 15 na 16 hivi. Ukipata 9, umeshika shaba. Kipimo hiki hakifai kwa kitu chenye mawe au kilicho na uwazi ndani, wala hakimkamati mjanja aliyejaza tungsteni ndani ya kipande, maana tungsteni ina uzito karibu sawa na dhahabu. Kwa vipande vikubwa nenda kwenye mashine ya mionzi, na hata hiyo husoma juu juu tu, kwa hiyo muuzaji unayemjua bado ni muhimu.

Dukani uliza mambo matatu kabla ya kuuliza bei ya jumla: gramu ngapi bila mawe, karati ngapi, na ufundi ni kiasi gani. Bei ya gramu ya siku haipunguki sana. Ufundi ndio unaopunguzwa, hapo komaa. Yote yaandikwe kwenye risiti. Mali bila daftari hupotea bila habari, na kidani cha dada yangu kilikuwa na risiti yenye mstari mmoja tu: "kidani, kimoja".

Mimi ningechagua hivi

Binti anayeanza kazi na anataka kuvaa na kuweka kwa pamoja, anunue bangili nzima isiyo na uwazi, karati 22, isiyo na nakshi nyingi, gramu nane mpaka kumi. Anayeweka tu, na ana pa kuuzia, achukue vipande vya gramu kumi au pauni za dhahabu. Wanaooana, pete za karati 18 za siku zote, na kama mahari ni dhahabu basi iandikwe kwa gramu na karati, siyo "seti moja". Anayetamani kidani cha mawe akinunue, akivae, afurahi nacho.

Dada aliuza kidani. Ukiondoa kupanda kwa dhahabu, yaani kwa bei ya siku kiliponunuliwa, gramu 11 zisingefikia nusu ya pesa iliyo kwenye risiti, lakini zilitimiza ada ya mwaka wa kwanza. Bangili aliivaa pale pale kaunta, mzee akamwambia asiisugue kwa dawa ya meno, maji ya vuguvugu na sabuni yanatosha. Upande mmoja imelika, pale ilipokuwa ikigongana na mwenzake ambayo bibi aliiuza zamani kulipia nauli ya baba kwenda shule ya bweni.